Jicho la Kulia la Amparo

Uvumi ulimfika Hermelinda sokoni, akifunga tamale, vitumbua vya unga wa mahindi, kwenye maganda ya mahindi, ukamganda kama kupe: eti binti yake Amparo, mpiga picha za filamu, amepofuka jicho la kulia na anaficha.

"Nimesikia tu, shoga," alisema Eufrosina, mama wa ubatizo wa Amparo. "Wakubwa wake wakijua, nani atampa kamera?"

"Na wewe ulimi huo nani alikupa?"

Alijibu hivyo, lakini jioni ile alitoa uzi na sindano, akaviweka tayari. Amparo alianza na picha za ubatizo hapo hapo mjini kwao, Tlaxiaco, na sasa ni miaka ishirini yuko kwenye filamu. Taa hawashi. Hungoja jua liingie lenyewe mlangoni, na watu huwapanga chini kwenye picha, wadogo, mawingu yatawale juu. Kule mji mkuu wanamwita Bibi Ngoja.

Jumamosi alikuja kuonyesha filamu yake mpya. Hajakaa vizuri, mama yake akampa uzi na sindano.

"Ziba la kushoto. Tunga."

Alikosa mara tatu.

"Ni jua, mama. Lilikuwa linachomoza nyuma ya mikonge. Kwenye kamera ile ya mkanda, ukiondoa jicho bila kuziba kitundu cha kuchungulia, mwanga unaingia kwa nyuma na kuunguza mkanda."

"Na kitambaa cha kuzibia?"

"Kilikuwa mfukoni. Ilikuwa nzuri mno, mama, nikaendelea kutazama, nikasema sekunde moja tu. Daktari anasema doa la jichoni halitoki. Wakubwa nimewaambia. Hii ya leo nimeipiga kwa la kushoto."

Mchana ule madirisha ya ukumbi wa shule yalizibwa kwa mablanketi. Ukutani likatokea jiko la Hermelinda mwenyewe: moshi, na mshale mmoja wa jua kutoka penye kigae kilichovunjika, umetua juu ya mkono unaokanda unga.

"Ndiyo hii ya jicho moja?" Eufrosina alinong'ona.

"Ndiyo," Hermelinda alisema, safu nzima isikie. "Wewe unayo mawili. Umepiga nini?"

Wasichana wanne wa mji ule walitoka wakitaka kamera. Kesho yake Hermelinda akawabandikia kadibodi mlangoni pa ukumbi:

Usitazame jua kupitia kamera, hata likiwa changa.
Usiweke kitambaa mfukoni. Kiwe mkononi.
Usiseme sekunde moja tu.
Usimfiche mama yako jicho linalouma.
Usiamini ya sokoni kabla hujamuuliza mwenyewe.