Mwalimu Haitoshi

Watoto wa kipaimara walimwita Mwalimu Haitoshi. Alilijua jina hilo, ila alijifanya hana habari nalo. Walilitoa kwenye mtindo wake wa kufundisha. Kila somo la kuhesabiwa haki kwa imani lilipofika, alimsimamisha mtoto mmoja mbele ya wenzake na kumtaka ataje mema yote atakayomfanyia Mungu ili akubaliwe. Mtoto angetaja: nitasali, nitawatii wazazi, nitafagia kanisa. Akiishiwa, ilimbidi aulize, "Inatosha, Mwalimu?"

"Haitoshi," angejibu, kisha angenyamaza kimya. Kimya hicho ndicho watoto walichokiogopa. Kilimkamua mtu jasho mpaka darasa zima lipaze sauti kumwokoa mwenzao: "Kristo anatosha!" Hapo ndipo Mwalimu alipotabasamu na kumruhusu akae.

Leo alikuwa amekaa yeye, kwenye kiti cha chuma kando ya kitanda cha hospitali, na kitandani alilala mdogo wake, yule ambaye mama yao alimwita Kipenzi, naye zamani alipitia darasa hilohilo. Mrija wa hewa ulikuwa puani, na kila pumzi iliyotoka ilikawia kurudi. Nesi alikuwa amemvuta Mwalimu pembeni na kumwambia waziwazi, "Kama kuna la kumwambia, mwambie sasa."

Kipenzi alitaka kitu kimoja tu: mchungaji aje amtamkie msamaha kabla hajafa. Na mchungaji gari lilikuwa limemharibikia njiani.

"Usiningoje, Mwalimu," alisema kwenye simu, huku magari yakipiga honi nyuma yake. "Wewe ni Mkristo uliyebatizwa. Mtamkie wewe. Unayajua maneno kuliko mimi."

Kuyajua aliyajua. Tatizo ni kwamba yaligoma kutoka. Wiki ile mama alipopooza, Kipenzi alifunga mizigo akaenda zake, na hata mazikoni hakutokea. Aliyebaki kumgeuza mama kitandani, kubeba ndoo za maji, kufua mashuka na kumlisha uji kijiko kwa kijiko ni Mwalimu. Mchumba wake alingoja, akachoka, akaoa kwingine. Leo Kipenzi arudi mikono mitupu, aondoke amesafishwa kwa sentensi moja? Mwalimu alikuwa na hasira, tena hasira ya moto, na aliona ni haki yake.

"Dada," Kipenzi aliita. "Mchungaji kafika?"

"Bado."

"Basi nisikilize wewe. Nikipona, nitalijengea kaburi la mama. Nitalipalilia mwenyewe." Akavuta pumzi. "Nitahamia kwako. Nitakupikia, nitakufulia. Hutashika ndoo tena."

Maneno yale yalimwingia Mwalimu vizuri, aseme kweli. Hatimaye mtu alikuwa akikumbuka ndoo.

"Na kwenye ibada nitasimama mbele ya watu wote, niseme nilimtupa mama yangu." Macho yake, yaliyokuwa yamezama, yalimganda dada yake usoni. "Inatosha, Dada?"

"Haitoshi."

Lilitoka lenyewe, kwa mazoea ya miaka, na kimya kikafuata kama darasani. Ila hapa hapakuwa na darasa la kupaza sauti. Kipenzi alimtazama kidogo, akatikisa kichwa kama mtu aliyelitarajia jibu hilo, akageukia ukutani. Pumzi ilitoka. Haikurudi.

"Kipenzi!" Mwalimu aliruka, kiti kikaanguka. Alimshika mabega. "Kipenzi, sijamaliza! Wewe! Sijamaliza kusema!"

Pumzi ikarudi kwa kukwaruza. Lilikuwepo jambo moja ambalo Mwalimu hakuwahi kumwambia mtu.

"Mama hakuniita mimi hata siku moja," alisema. "Nilimwosha, nikamlisha, akawa anakuita wewe. Kipenzi, Kipenzi, asubuhi mpaka jioni. Na kabla hajafa akaniambia, ukimwona mwambie sina kinyongo naye, ni mwanangu. Nikakaa nalo. Nilitaka uje uombe kwanza. Nilitaka upige magoti."

Kipenzi aligeuza uso polepole. "Alisema hivyo? Kabla sijaomba?"

"Kabla hujaomba. Wewe huko ulikokuwa ulikuwa umeshasamehewa, hukujua tu, kwa sababu yangu." Akamwekea mkono kichwani, na maneno aliyowakaririsha watoto wa watu yakatoka yakiwa na uzito ambao hakuwahi kuusikia. "Kwa ajili ya Yesu Kristo, wala si kwa tendo lako lolote, dhambi zako zote zimesamehewa. Kwa jina la Baba, na la Mwana, na la Roho Mtakatifu."

"Amina," Kipenzi alisema. Machozi yalimtiririka mpaka masikioni. "Na lile kaburi?"

"Achana na kaburi."

Kisha Mwalimu akapiga magoti kwenye sakafu iliyonuka dawa, akaushika mkono wa mdogo wake.

"Nami nisamehe. Nimekunyima maneno ya mama miaka yote hii. Sitoki hapa. Nitakuogesha, nitakulisha kama nilivyomlisha yeye, nitawaambia watoto wote darasani, nita..."

"Haitoshi, Mwalimu," Kipenzi alisema.

Pembeni mwa mdomo wake palikuwa na ule utani wa utotoni, wa kumchokoza dada mkubwa. Kisha akanyamaza, akamwacha na kimya chake. Mlangoni mchungaji alikuwa amesimama na mkoba wa sakramenti, suruali imechafuka oili. Alifungua kinywa amsaidie, lakini Kipenzi akainua kidole kumzuia.

Walimngoja. Mwalimu alilia kwa sauti, bila kujali wagonjwa wa vitanda vingine, na ilimchukua muda mrefu kuliko mtoto yeyote aliyewahi kumsimamisha.

"Kristo anatosha," alisema.

"Haya," Kipenzi alisema. "Kaa."