Samurai Aliyepewa Jina la Collins

Kabla ya kuja Uingereza, Elkana alikuwa akitafsiri filamu kwa mdomo kwenye vibanda vya video Nairobi. Kwa hiyo Wakenya wa Thornton Heath, London, walipopata filamu kuukuu ya Kijapani, isiyo na sauti hata kidogo, walimpa yeye maikrofoni.

Ukumbi wa kanisa ulijaa. Mbele alikaa Mama Collins, pembeni yake mwanawe mkubwa, Collins. Mdogo wake, Jeff, alikuwa amekamatwa kwenye ghala moja huko Hayes, akifanya kazi kwa vitambulisho vya mtu mwingine, akarudishwa Kenya. Mama hakujua nani alimchongea. Elkana alijua, maana alifanya kazi kwenye ghala hilo hilo, chini ya Collins.

Filamu ikaanza ukutani: bwana mkubwa alimwamuru samurai wake amuue mdogo wake mwenyewe, aliyetoroka vita. Samurai akainama hadi paji la uso likagusa mkeka.

"Sawa, mkubwa," Elkana akamsemea. "Ndugu ni ndugu, lakini kazi ni kazi. Mimi, Collins, nitammaliza mwenyewe."

Watu wakacheka. Collins naye akacheka kidogo.

Samurai akamkuta mdogo wake akila wali.

"Kula, Jeff, umalize," Elkana akasema. "Nimeshawapigia watu wa Uhamiaji. Wako mlangoni."

Kicheko kikakatika. Upanga ukashuka kimya.

Mama akamgeukia mwanawe. "Collins, ni wewe?"

"Mama, mimi ni supavaiza. Ningenyamaza, ningefutwa kazi."

"Na ulikuja kunishika mkono nikilia?"

Mtu mmoja akainuka kuzima projekta.

"Iache," mama akasema. "Elkana, huyo anamwambia nini mama yake?"

Ukutani, samurai alikuwa amepiga magoti mbele ya mwanamke mzee. Elkana alitaka kumwaibisha Collins tu. Jinsi mama angeumia, hakufikiria hata kidogo.

"Sijui, Mama. Nisamehe."

"Wewe ulijua siku zote, ukangoja watu wajae ndio uniambie." Akachukua shali yake, akatoka peke yake.

Mama alihamia Hounslow kwa binamu yake. Collins alipokwenda kumwona, alifunguliwa mlango, akamiminiwa chai, akaulizwa habari za safari kama mgeni. Jeff mwenyewe alipiga simu kutoka Kenya kumwombea kaka yake msamaha.

"Kaka gani?" mama akamuuliza, akaanza kumsimulia habari za baridi.