Maliza Mpaka Tone

"Maliza mpaka tone, mrembo wangu!" watoto arobaini walisoma kwa sauti moja, na ukumbi mzima wa mtaa ukageuka kumtazama mke wa baba yangu.

Katika mji wetu wa Sa Đéc sinema ya kigeni haikutazamwa kimya. Bibi zetu wengi hawakujua kusoma, kwa hiyo watoto waliketi mbele wakasoma kwa kelele kila mstari wa tafsiri uliopita chini ya picha. Nililijua hilo. Niliandika mistari mifupi makusudi, iwakae mdomoni.

Nilikuwa na miaka kumi na tisa. Kicheki nilifundishwa na mjomba aliyewahi kufanya kazi kiwandani nchini kwa Wacheki, na mwenyekiti wa mtaa alinipa ile filamu ya ngano niitafsiri kwa sikukuu ya watoto. Ndani yake mama wa kambo, mwenye uso mkavu, anamuuguza binti wa mumewe. Anamshika kichwa, anamnywesha dawa, anasema, "Kunywa, mwanangu, homa itashuka." Hana neno baya hata moja, mwanzo hadi mwisho.

Katika tafsiri yangu mimi nikaifanya dawa kuwa sumu. Nikamtia mdomoni maneno ambayo Nhàn, mke wa baba, aliwaambia wateja wake sokoni kila asubuhi, akiwapa bakuli la tambi za kaa: maliza mpaka tone, mrembo wangu. Soko zima liliyajua. Alikuwa amelala kitandani kwa mama yangu kabla mwaka haujaisha tangu mama afe, nami nilitaka aondoke. Sina kisingizio kingine.

Watu walizomea. Binti alipopona nikaandika kwamba sumu imeshindwa, wakashangilia. Sauti iliyokuwa juu kuliko zote ilikuwa ya Diệp, mtoto ambaye Nhàn alikuja naye kwetu, wa miaka minane, hodari wa kusoma. Alisoma kwa furaha mpaka mwenzake akamfinya na kumnong'oneza, "Si mama yako huyo?" Hapo akajikunyata.

Kesho yake muuza samaki alianza. "Dada Nhàn, leo mchuzi una nini? Hebu onja wewe kwanza!"

Nhàn alicheka, akaonja. Siku ya pili akaonja tena. Utani ule haukuisha, loo, ulinoga! Wazazi wakawakataza watoto kula kwake, eti ni mzaha tu, na sufuria ikawa inarudi nyumbani imejaa. Tukaila sisi, jioni baada ya jioni. Baba alikula haraka, akaondoka mezani. Diệp aligoma kwenda shule.

Baada ya miezi miwili Nhàn alifunga mizigo. Asubuhi hiyo alikuja mlangoni kwangu, amemshika Diệp mkono.

"Khuê, mwanangu, nikuulize. Wewe ndiye unayejua lugha yao."

"Uliza, mama mdogo."

"Yule mwanamke wa kwenye sinema. Mbona alimshika mtoto kichwa vizuri vile? Nilimwangalia mikono. Kweli alisema vile?"

Diệp alinikazia macho. Neno moja tu la kweli lingetosha kumsafisha mama yake, na muuza samaki angelisikia kabla ya saa sita.

"Alisema vile vile," nikamjibu. "Mimi nilitafsiri tu."

Nhàn aliitikia kwa kichwa. Akainama, akamfunga mwanawe kamba za viatu taratibu.

"Basi," akasema, "hata huko kwao wanatuona hivyo sisi mama wa kambo."