Mtu wa Kabatini

1.
MAELEKEZO YA KUREKODI
Waziri anafungua kabati achukue kofia. Ndani amekaa mtu aliyevaa joho la askofu, bata kwapani. Mtu aseme chochote kwa lugha ya kwao. Waziri afunge. Watazamaji wacheke.

2.
Mtu huyo ni mimi, Rajabu Shekigenda, wa Muheza, sasa wa Manchester. Naigiza vichekesho vya televisheni ambavyo hata Waingereza wenyewe ukiwauliza maana wanainua mabega. Asubuhi ya Alhamisi ya kwanza ya kurekodi, dada yangu Mwanahamisi alipiga simu: Mama hali chakula tena, anakutaja wewe tu. Nikaomba ruhusa. Nikajibiwa

3.
Ombi lako la siku kumi na nne limekataliwa. Vimebaki vipindi sita. Ukiondoka mkataba unavunjika, na kibali chako cha kuishi nchini kinategemea mkataba.
Tunakutakia wiki njema.

4.
Kabati lilipofunguliwa, mdomo ukasema wenyewe:
"Mama yangu anakufa, niruhusuni niende."

Kicheko.

Watu mia tatu. Bibi mmoja alivua miwani akafuta machozi.

5.
Chumba cha kupaka poda, nyuma ya pazia:
"Yule wa kabatini kanivunja mbavu."
"Alisema nini?"
"Nani ajue."

6.
TAARIFA KWA WAIGIZAJI
Sentensi ya mtu wa kabatini imependwa mno. Itasemwa kila kipindi. Isibadilishwe.

7.
Alhamisi ya pili. Mama yangu anakufa, niruhusuni niende.
Alhamisi ya tatu. Mama yangu anakufa, niru

Walicheka kabla sijamaliza.

Wewe unayesoma umenielewa. Ungefanyaje? Mwenzako nilitakiwa kuvua joho niende uwanja wa ndege. Sikwenda. Naogopa, na naona haya kuogopa.

8.
"Kaka, video yako imefika huku. Muheza nzima wanayo."
"Mama je?"
"Nilimwonyesha. Akaniuliza, hao wanaocheka ndio anaowaomba?"
"Ukamwambiaje?"
"Nikamwambia ni mchezo tu, umefundishwa kusema hivyo. Akasema, kumbe. Akageukia ukutani."
"Mpe simu."
"Hataki. Anasema mtu wa televisheni ana shughuli zake, asisumbuliwe."

9.
Alhamisi ya nne. Giza la kabati. Bata anahangaika kwapani. Nasikia viatu vya waziri.

Mlango.

Taa.

"Mama, siigizi."

Wamecheka kuliko siku zote. Mkurugenzi ameniinulia kidole gumba. Kipindi kitarushwa Jumamosi, na Mwanahamisi ananiambia Mama huenda asiifikie Ijumaa.