Kilio cha Totole

Paris nzima ilimcheka Totole, mtoto wa miaka mitano aliyeigiza picha za sinema, akimwaga supu kwenye kofia za polisi na kuwafunga wajomba kwa kamba za viatu vyao. Lakini kila picha ilitaka mahali pa kulia, na Totole alikuwa mtoto wa raha, halii ovyo. Ndipo bwana Gastambide, mwongozaji wa picha, akampa mama wa mtoto, Léontine, dawa yake. Picha zenyewe hazikuwa na sauti, kwa hiyo mtu aliweza kusimama kando ya kamera na kusema lolote.

"Mwambie baba yake amekufa," alisema. "Mama wenzako wote hufanya hivyo. Ni maneno tu, mama."

Léontine akasema. Mtoto akaangua kilio, na kwenye majumba ya picha watu wakavunjika mbavu. Mara ya kwanza ilimuuma, baadaye akazoea. Totole naye akaerevuka: akisikia maneno yale analia, kamera ikinyamaza anajifuta kamasi na kuulizia mkate wake wa siagi. Aibu iliyoje, na hakuna aliyeiona!

Asubuhi moja ya Februari mumewe Honoré, fundi wa kuezeka mapaa, alikata roho kwa kifua chake kibovu, mtoto akiwa kazini. Léontine alikimbilia studio kichwa wazi. Wachukuzi wa jeneza wangefika jioni, naye alitaka mwanawe amuage baba yake akijua kwamba anaaga.

Akapiga magoti mbele yake. "Totole, baba amekufa."

Totole aliitupia jicho kamera, akakunja uso, machozi yakamtiririka. Kisha akanong'ona, "Mbona hawajaanza, mama? Umeniwahisha."

"Si ya picha, mwanangu. Ni kweli."

"Hata juzi ulisema ni kweli."

Ndiyo, alikuwa amesema hivyo. Gastambide alivua kofia, akatazama pembeni.

Léontine akambeba mtoto mpaka nyumbani, mtaa wa Belleville. Honoré alikuwa amelazwa na suti yake ya harusi, mishumaa ikiwaka.

"Kumbe na baba kaajiriwa!" Totole alifurahi. Akaitafuta kamera nyuma ya pazia, akaitafuta chini ya meza, asiione. Akapanda kitandani.

"Amka, baba," alimwambia sikioni. "Hakuna anayepiga picha."

Akamtikisa bega, akamtikisa tena, kisha akageuka kumtazama mama yake. Safari hii hakulia.