Ndoo Nyuma ya Nguzo

Tangu kamera ifungwe kwenye dari ya banda la kupakia maua, mwezi wa nne 2007, Nyakio alikuwa hajikuni hata akiwashwa. Ng'oa majani, pima urefu, funga waridi ishirini, sukuma. Mimba ya miezi sita, miguu imevimba mpaka gambuti zinabana, na kukaa ni marufuku. Juzi mwenzake Chepkorir aliegemea meza dakika moja tu. Kesho yake akaonyeshwa picha yake ofisini, akapewa barua ya onyo.

Lakini aliyemkera kushinda hata hiyo kamera ni Wangare, jirani yake wa ploti moja ya vyumba vya kupanga, huko mtaa wa Kamere. Meza ya Wangare ilikuwa nyuma ya nguzo, mahali kamera haifiki. Kila siku ikifika saa nne asubuhi anageuza ndoo, anaikalia, ananyoosha mgongo, anapiga miayo kama yuko kwake. Mimba hana, mtoto hana. Ndoo ni ya nini? Nyakio alimwonea wivu.

"Wangare, si tubadilishane meza, hata wiki moja tu?"

"Ukishajifungua tutaongea," Wangare akacheka. "Hapa ni kwangu, mathe."

Mathe! Kuitwa mama mzee ndiko kulikomchoma. Saa ya chakula akaenda moja kwa moja kwa Hezekiah, supavaisa.

"Boss, Wangare anakaa chini kazini. Kamera haimwoni. Na hiyo meza ikibaki bure, mimi naiomba. Hali yangu si unaiona?"

Hezekiah aliandika jina polepole.

Jioni Wangare alifutwa kazi. Akipita na aproni mkononi, aliisukuma ndoo kwa mguu mpaka mbele ya Nyakio.

"Haya, kaa basi."

Asubuhi Hezekiah mwenyewe alimpeleka Nyakio nyuma ya nguzo.

"Ofisi ilitaka kununua kamera ya pili," alisema. "Nimewaambia ya nini, na watu kama wewe wapo?"

Akaenda zake. Nyakio akageuza ndoo, akashika meza, akaanza kujishusha. Miguu ilikuwa inawaka moto. Ndipo akainua macho.

Wanawake wa meza zote walikuwa wanamtazama. Mikono yao haikusimama. Majani yalianguka tu. Chepkorir alikuwa ameinamisha kichwa kando apate kuona vizuri nyuma ya nguzo.

Nyakio akasimama wima. Akaisukuma ndoo chini ya meza, akachukua waridi la kwanza.