Imezama

…na bado anapuliza chai yake, tazama midomo ilivyochongoka, mtu mzima na suti yake anapuliza chai kama mtoto anayeogopa kuungua, tena hapo hapo nyuma ya kioo, kwenye kiti cha fundi mitambo, na fundi wa watu amesimama, ndani ya chumba chake mwenyewe amesimama kama mgeni, kwa sababu Bwana Mizani wa wizarani amekaa, na akikaa yeye nchi nzima inasimama… wimbo unaendelea, ukiisha taa nyekundu itawaka, ikiwaka msomaji atafungua mdomo na kusoma taarifa ya habari ya mchana, na atasoma, nani kasema hatasoma, miaka yote amesoma alichoandikiwa, na habari ya kwanza ni ya meli, meli yetu, na neno lake liko pale kwenye karatasi, limepigiwa mstari kwa kalamu ya Bwana Mizani ili asije akalikosea, imezama. Imezama! Yenyewe. Ilichoka kuelea ikaona bora izame.

“Dada, jaribu sauti kidogo,” fundi anamwambia kwenye vipokea sauti, naye anahesabu moja, mbili, tatu, sauti iko safi, sauti haijui lolote, na Bwana Mizani anainama kwenye kitufe, anasema, “Kama jana, mama. Neno kwa neno. Usitie chumvi,” mama, kamwita mama, mama yako mwenyewe unamtia chumvi wewe, msonyo anaumeza maana maikrofoni hizi zinasikia hadi mate yakishuka… tangu mataifa makubwa yaanze vita vyao na sisi tuseme hatuna upande, huyu bwana anakuja kila siku kupima maneno, wa mashariki wakipewa sentensi nne, wa magharibi nne, leo huyu anatajwa mwanzo, kesho yule, hakuna kusema adui, hakuna kusema uvamizi, hata watu hawauawi tena katika redio hii, wanapoteza maisha, utadhani walikuwa nayo mfukoni yakadondoka njiani, na siku ile ya hali ya hewa, loo, siku ile alikata upepo mkali kutoka mashariki, akauliza kwa uso mkavu kabisa, hauwezi kutokea kwingine? Walicheka chumba kizima, naye alicheka, na fundi akacheka mpaka akakohoa, zilikuwa siku za kucheka zile, mapacha wa fundi walikuwa bado nyumbani wanamalizia masomo, hawajapelekwa mpakani na bunduki zinazowazidi urefu, ng’ambo ya mto vifaru vya wa mashariki vimejipanga vinatazama huku, na balozi wao, eti kwa upole, eti kwa tabasamu, amesema redio yenu tunaisikiliza sana, ina vipindi vizuri.

Ndiyo maana fundi hamtazami. Mkono wake uko juu ya swichi ya kukata matangazo, tangu lini fundi akaweka mkono hapo kabla ya habari, ameambiwa, kumbe, ameambiwa msomaji akiteleza ukate, na amekubali, mwanamume ambaye walikula naye sahani moja siku ya msiba wa baba, basi sawa, kata, nawe una wanao, kila mtu na wake… na mimi wangu? anajiuliza, wangu yuko wapi?

Wake alikuwa mpaka rangi wa meli ile. Mdogo wake wa mwisho, Rangi ndilo jina walilomwita hadi mama akasahau alilompa, kucha hazikutakata hata siku ya sherehe, yeye ndiye aliyeichora bendera ubavuni mwa meli, akaja nyumbani ananuka tapentaini, akasema, dada, nimeichora kubwa kama nyumba, kipofu ataiona, na usiku tunaiwashia taa, sisi si wa huyu wala si wa yule, nani atatugusa? Nani atatugusa, anauliza, na mdomo umejaa wali… na leo asubuhi akaja mpishi wa meli, mmoja tu aliyeokotwa na wavuvi, nyusi zimeungua zote, amekaa chumba cha habari amejifunga blanketi la watu, akaeleza mbele yao wote, mbele ya huyu huyu anayepuliza chai, kwamba walizungukwa na nyambizi ya wa mashariki, ikaibuka karibu kabisa, watu wakasimama juu yake wakatazama, na Rangi akachukua taa ya mkono akakimbilia ubavuni, anaimulika bendera, anapiga kelele, tazameni, tazameni, na wakatazama, wakaona, ndipo wakapiga, pale pale palipomulikwa. Mpishi hakulia. Aliyeongea ni Bwana Mizani, “Pole sana ndugu yangu, lakini kulikuwa giza, na mtu akiwa majini huchanganyikiwa,” akamsogezea chai, na mpishi akaitazama ile chai, akasema, “Mzee, giza gani? Si nimekuambia kulikuwa na taa?”

Giza. Giza ni lako wewe, na suti yako, na aliyekutuma, na tabasamu la balozi wake… maji, glasi iko wapi, asigonge karatasi, wimbo umefika pale pa ala tupu, bado kidogo… na jana yeye hakujua, jana alisoma imezama kwa roho safi kabisa, alidhani dhoruba, akarudi nyumbani akiwaza atamwambia nini mama, akamkuta uani anacheka, mama anacheka! Redio iko kwenye mkeka, imegeuzwa upande wa sikio lile moja linalosikia, anasema, “Nimekusikia mwanangu. Imezama tu. Hawakusema imepigwa wala imelipuliwa. Ikizama polepole watu hushusha mitumbwi, na huyu wetu anaogelea tangu hajaota meno. Wewe sauti yako naijua, ungekuwa unanificha ningekushika.” Na asubuhi ya leo, kabla hajatoka kuja kazini, mama alikuwa ameshatoa godoro la Rangi juani, analipiga kwa fimbo vumbi litoke, akirudi alale pasafi, na jua lenyewe ndilo hili la mchana, godoro liko nje sasa hivi, na redio imewashwa, na mama ameinamisha kichwa.

Anangoja sauti anayoijua.

“Dada, tayari,” anasema fundi, na Bwana Mizani ameshusha kikombe, anatazama saa ya ukutani, ametosheka, mtu aliyetosheka anajulikana kwa tumbo… tusiwakasirishe, ndivyo anavyosema kila siku, tusiwakasirishe, na Rangi aliwakasirisha nini, alivaa upole wetu wote ubavuni mwa meli akauwashia taa, na taa hiyo hiyo ndiyo waliyolengea, haya, upole huo ulitufaa nini? Na mapacha? Akisema, vifaru vitavuka mto kwa neno lake? Hajui, na anachukia kutojua, anamchukia fundi kwa kuwa na wanawe hai, anajichukia kwa kumchukia, lakini mapacha walipelekwa kule wakati redio ilikuwa inasema imezama kwa adabu zote, na watapoteza maisha, ndivyo itakavyosomwa, watapoteza maisha mahali fulani, na ni yeye atakayesoma, na fundi atakaa hapo na mkono kwenye swichi anasikiliza watoto wake walivyodondosha maisha yao njiani. Hapana. Potelea mbali, hapana.

Analijaribu neno bila sauti, kwa ulimi tu… imezam… na hapo anagutuka, kwa nini hakuliona, maneno yote mawili ni njia moja hadi hapo, imezam, midomo inafungana kwenye m, na hakuna duniani anayejua itafunguka vipi, si Bwana Mizani na kalamu yake, si fundi na kidole chake, si balozi anayependa vipindi vizuri, ikifunguka kwa a meli imejizamia, ikifunguka kwa i kuna mtu, kuna mikono, kuna waliosimama juu ya nyambizi wakatazama, imezamishwa, ishwa tu, kipande kidogo cha mdomo, fundi akija kushtuka limeshafika uani… sauti yake haitatetemeka, ataisoma kama anavyosoma bei ya mahindi, ili mama asidhani ni kilio, ajue ni habari.

Wimbo unafifia. Fundi ameinua kidole hewani, Bwana Mizani amekunja mikono, taa bado haijawaka, na yeye amesogea kwenye maikrofoni, midomo ameifunga kama iliyofika kwenye ile m, ametulia, anamtazama bwana yule wa chai machoni kwa mara ya kwanza tangu vita vianze, na moyoni anasema, mama, ingiza godoro ndani.